Vizazi Mia Mbili vya Asubuhi Moja

Mwaka 2012 niliamini kwamba kompyuta huzaa. Sisemi nilidhani, wala sisemi nilisikia nikanyamaza. Niliamini kama unavyoamini kwamba kesho kutakucha, na nilikuwa tayari kugombana na wilaya nzima ya Kasulu, pamoja na ile ya Kibondo, kwa ajili ya jambo hilo.

Ushahidi nilikuwa nao. Jirani na kibanda changu cha kutengeneza baiskeli, pale stendi ya Kasulu, palikuwa na duka la steshenari la mzee mmoja mwenye asili ya pwani, mtu wa kanzu safi na utani usioisha. Mwanzoni mwa mwaka alikuwa na kompyuta moja, kubwa, yenye kisogo kirefu kama sanduku la fundi. Kiangazi kilipofika zikawa tatu, na zile mbili zilizoongezeka zilikuwa ndogo na nyembamba. Sasa nyie semeni. Kubwa moja, ndogo mbili, chumba kimoja, mlango unafungwa kila jioni. Sungura wakifanya hivyo hakuna anayeuliza swali.

Kilichonimaliza kabisa lakini ni neno. Yule mzee aliandika kwa chaki kwenye ubao wake wa nje: "Hapa ipo kompyuta ya kizazi cha nne." Sisi wengine Kiswahili tulikikuta shuleni, tayari tumeshashiba Kiha nyumbani, na neno kizazi tulilijua kwa njia moja tu, njia ya hospitali. Shangazi yangu alikuwa ametoka hospitali ya Kabanga kutolewa kizazi. Mke wa jirani alikuwa anaumwa kizazi. Mtu akiandika ukutani kwamba kompyuta ina kizazi, tena cha nne, mimi nielewe nini? Nilielewa kwamba imeshajifungua mara tatu na mimba ya nne iko njiani.

Nilikwenda dukani, nikasalimia vizuri, nikasema, "Mzee, ikizaa tena niwekee kadume kamoja."

Hakuonyesha hata jino. "Kadume au kajike?"

"Kadume. Kajike katanizalia, na kibanda changu ni kidogo."

"Sawa. Ila usije kukachukua kabla hakajaacha kunyonya umeme." Akafungua daftari la wateja, akalamba kalamu, akaandika jina langu na mbele yake neno moja: kadume.

Nilitoka pale nimevimba kwa fahari. Ndani ya wiki moja habari yangu ilikuwa imefika Heru Juu kwa bodaboda, na iliporudi stendi ilikuwa imenenepa. Kompyuta ilizaa mapacha, umeme ukakatika, mmoja akafa. Niliposikia hivyo nikasikitika kama watu wengine, nimesahau kwamba chanzo cha habari ni mimi.

Mwaka uliofuata nikajiunga na masomo ya jioni. Nilikuwa nimeishia darasa la saba na nilichoka kuwaomba watoto wa watu wanisomee karatasi za Kiingereza. Tulisomea kwenye darasa la shule ya msingi tuliloazimwa baada ya watoto kuondoka, kwenye madawati yao yale yale, kwa hiyo miaka yote miwili niliyosoma pale nilisoma magoti yakiwa yamegusa kidevu. Humo mwenzangu wa dawati alikuwa dereva wa bodaboda aliyekuwa akija na kofia ngumu kichwani na kuivua pale tu mwalimu alipomuuliza kama anatarajia kuanguka.

Msidhani elimu iliiondoa imani yangu. Iliisafisha. Nilipofundishwa kidogo juu ya mashine nikafahamu kwamba chuma hakizai, nikaona aibu ya siku moja, kisha nikahamishia uzazi kwenye programu. Programu ndizo zinazozaa, zikiwa ndani, mahali usipoona. Nilijiona msomi kwelikweli.

Mwalimu wetu wa baiolojia alipangiwa kwetu kutoka Kilimanjaro, na baridi ya Kasulu aliidharau waziwazi, akija na shati la mikono mifupi wakati sisi tumejifunga masweta. Alikuwa mwalimu mzuri. Alipofika kwenye mageuko ya viumbe aliandika ubaoni maneno mawili, uteuzi asilia, na hapo ndipo tulipokwama jioni tatu mfululizo.

Kwa sababu uteuzi tunaujua. Mtanzania gani haujui? Unasikiliza taarifa ya habari, unaambiwa mkuu wa nchi amemteua fulani, na uteuzi huo unaanza mara moja. Pana mteuzi, pana mteuliwa, na pana mtu kijijini kwake aliyekuwa amekwisha kununua suti na hakuteuliwa. Huyu wetu wa ubaoni aliteuliwa na nani?

"Hakuna anayeteua," mwalimu alisema.

"Basi si uteuzi," nikasema mimi.

"Kaa nikueleze. Unapanda maharage aina kumi. Mvua inazidi. Aina nne zinaoza, sita zinabaki. Mbegu yako ya mwakani itatoka kwenye sita. Unapanda tena, na kila mmea unarithi wa mzazi wake. Tofauti, mchujo, urithi. Kisha unarudia. Hatua kama hizo, zinazofuatana bila kuhitaji akili ya mtu, watu wa kompyuta wanaziita algoriti. Chekeche halifikiri, lakini unga unapita na pumba zinabaki."

"Mwalimu, na matundu ya chekeche alitoboa nani?" nikauliza.

Darasa likacheka. Mwalimu hakucheka, alifikiri kweli, na kwa hilo namheshimu mpaka leo. "Kwa viumbe, hakuna aliyetoboa. Mvua ni mvua. Haijui kwamba inachuja."

Nilitoka pale nimekasirika. Nilikasirika kwa niaba ya mama yangu. Mama alikuwa Kitahana, Kibondo, na maharage ndiyo yaliyonikuza, kwa hiyo niliona nimetukanwa ukoo. Mama aketi na ungo wake siku nzima akichambua mbegu, halafu mtu wa Kilimanjaro aniambie zile ni hatua zisizohitaji akili? Njia nzima ya kurudi nyumbani nilimjibu mwalimu kwa sauti, na watu waliokuwa wakinipisha barabarani walinipisha kwa nafasi kubwa zaidi ya kawaida.

Inabidi niseme mbegu za mama zilivyokuwa, maana ugomvi wote uliofuata ulikuwa juu yake. Mama hakuwa na aina ya maharage. Alikuwa na mchanganyiko, kama walivyokuwa nao mama zake: mekundu, ya njano, meupe, yenye madoa kama yai la kanga, ya zambarau, na meusi madogo mabaya yasiyopendwa na mtu. Niliwahi kuhesabu aina kumi na nne kwenye ungo mmoja na nikaacha kwa sababu macho yaliniuma. Kila akivuna alikausha, akatoa yaliyooza na yaliyotobolewa na wadudu, kisha akachukua konzi kutoka kila rangi, akachanganya na majivu na kujaza kibuyu. Hata yale meusi alichukua konzi.

"Mama, haya si ya kutupa?" nilimuuliza zamani, nikiwa mdogo.

"Haka kabaya nako kana mwaka wake," alisema, akakatupia kibuyuni.

Basi. Mwaka 2014, mwezi wa kumi, mvua ikiwa inanukia lakini haijafika, nikapigiwa simu na mama. Kikundi chao cha wakulima kinatembelewa na mtaalamu wa mradi wa mbegu. Kiswahili cha mtaalamu kitakuwa cha mjini, na wanachama wengi ni mabibi wa Kiha kitupu. Walikuwa wamekubaliana kwamba mkalimani awe mtoto wa kwao aliyesoma. Yaani mimi. Nilifunga kibanda siku hiyo hiyo, nikapanda basi la Kibondo, nikafika Kitahana nimepakwa vumbi jekundu mpaka ndani ya masikio, shati la kukalimania nimelishika mkononi ndani ya mfuko wa plastiki.

Mkutano ulikuwa kwenye baraza la ghala la kikundi. Ghala hilo mama alilibebea matofali kwa kichwa wakati linajengwa. Tulisalimiana kwa kupiga makofi, kama ilivyo desturi yetu, na salamu zilipokwisha mtaalamu akasimama. Alikuwa msichana wa umri wangu au pungufu, mpole, amevaa buti safi. Alifungua kompyuta yake ndogo na kuiweka juu ya gunia.

"Mama zangu, bibi zangu," alianza, "hii programu inafanya kazi kama mageuko yenyewe. Tumeingiza aina zote za maharage ya huku. Zilizo dhaifu zinakufa, zilizo bora zinazaliana. Asubuhi hii tu, nikiwa kwenye gari, imekwenda vizazi mia mbili. Shambani mngesubiri miaka mia mbili."

Akanitazama nitafsiri.

Jamani, mimi nilikuwa mtu aliyeandikishwa kadume. Ningetafsiri nini? Kwa Kiha tumbo la mimba ni inda, na ndilo neno nililotoa, kwa sauti kubwa, bila wasiwasi hata wa punje. Niliwaambia mabibi kwamba hii mashine imebeba inda mia mbili tangu asubuhi na zote imejifungua ndani ya gari, kwenye barabara yetu ile.

Bibi mmoja, mkongwe kuliko wote, jirani yetu wa shamba kwa shamba, akashika kiuno chake mwenyewe. "Tangu asubuhi? Kwenye ile barabara?"

"Tangu asubuhi, bibi."

"Na bado kamekaa wima hivi?"

Mwingine akavua kitenge cha begani, akainuka, akaifunika kompyuta mgongoni taratibu, kama anavyofunikwa mzazi. "Mwacheni kwanza apumue," alisema.

Mtaalamu akaniinamia. "Wanasemaje?"

"Wanaipa pole."

"Pole ya nini?"

"Ya kazi nyingi."

Akafurahi sana. "Waambie asante."

Mama yangu peke yake hakuwa ametoa pole. Alikuwa amekunja mikono, kibuyu chake kati ya miguu. "Muulize, hivyo vizazi viliota kwa mvua ya mwaka gani?"

Nikauliza. Mtaalamu akatabasamu. "Mvua imo ndani ya kompyuta, mama."

"Na fuko wamo?"

"Fuko?"

"Wanaokula mizizi. Na mbuzi wa huyu hapa," akamwonyesha yule bibi jirani kwa kidevu, "wanaofunguliwa kila ikifika saa nne, wamo?"

Hapo mkutano ukaharibika. Bibi jirani akajitetea kwamba mbuzi wake ni wapole, watu wakacheka mpaka wakalala, na mtaalamu akabaki anatabasamu tabasamu la mtu asiyejua anachekwa yeye au mbuzi. Uso ulimwiva. Aliingiza mkono mfukoni, akatoa punje moja ya haragwe, nyekundu, nene, inang'aa kama kifungo cha koti, akainyanyua juu.

"Mageuko ni algoriti," alisema. "Hatua ni zile zile, ziwe shambani au kwenye mashine. Na hatua zimekwisha kufuatwa. Asili imeteua hii."

Asili imeteua. Mbele ya mama yangu.

Nilisahau kwamba mimi ni mkalimani. Niliweka chini ukalimani, nikasimama kama wakili. Nilimwambia, dada, kwa heshima zote, asili ya huku naijua, nimekulia humo, na haijawahi kuja Kitahana ndani ya gari. Nilimwambia mwalimu wangu ametufundisha kwamba kwenye uteuzi asilia hakuna anayeteua, kwa hiyo asili haiwezi kuinua punje moja na kutuonyesha kama mgombea. Nilimwambia kizazi ni kitu kilichokula, kilichonyeshewa, kilichoumwa, na kama vizazi mia mbili vimekwisha asubuhi hii basi anionyeshe hata ganda moja. Nilisema mengi. Mama anasema nilisema nusu saa, mimi nadhani ni siku mbili. Nusu yake ilikuwa hoja nzuri, nusu ilikuwa upuuzi mtupu, maana nilimalizia kwa kuwaonya mabibi kwamba maharage yaliyozaliwa na mashine yatawatia damu ya mashine, na wasije wakalia.

Mtaalamu alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, akiwa amewaelekea wao, kwa Kiswahili chepesi ambacho hakikuhitaji mimi: mnunuzi anataka rangi moja. Kila mwanachama alete mchanganyiko wake wote kesho, apewe mbegu mpya kilo kwa kilo. Asiyetaka halazimishwi, lakini mavuno yake hayataingia kwenye ghala la kikundi.

Kesho yake walipanga foleni. Mama naye alikwenda na kibuyu, mimi nyuma yake kama askari. Alipofika kwenye mzani aliingiza mkono ndani ya gunia la mbegu mpya, akazichezea, akazinusa. Nilijua amezipenda.

"Nipe konzi moja," alisema. "Nichanganye na zangu."

"Mama, ni zote au basi," mtaalamu alisema. Hakusema kwa ukali.

Mama akatoa mkono kwenye gunia. "Basi, mwanangu."

Tukarudi nyumbani na kibuyu. Yule bibi jirani naye alirudi na chake, lakini yeye kwa sababu ya damu ya mashine, na kwa hilo lawama ni yangu. Tulipofika mama akatua mzigo, akasema, "Umeongea sana." Basi. Kuwa nje ya ghala alilolibebea matofali lilikuwa jambo zito kwake, na aliyemsindikiza nje kwa hotuba ni mimi.

Kasulu nilirudi na hasira mbichi, nikaipeleka darasani. Jioni nzima tulibishana. Wapo waliosema kama hatua ni zile zile, kitu ni kile kile. Uchujaji ni uchujaji, uwe wa mvua au wa umeme. Mwenzangu wa bodaboda akavua kofia kwa hiari yake, akaipiga kwenye dawati.

"Nikichora ubaoni hatua zote za kuendesha pikipiki, kuwasha, gia, mafuta, nitakuwa nimefika Kabanga?"

"Utakuwa umejua kufika," mmoja akamjibu.

"Abiria hatalipa."

Nikamgeukia mwalimu atoe hukumu. Aliangalia ubao, akatuangalia sisi, akapangusa chaki mikononi. "Ni swali zuri sana," alisema, "halimo kwenye mtihani."

Sijapata kuona hasira ya namna hiyo. Swali linamfukuza mama yangu kwenye ghala, na halimo kwenye mtihani. Siku ile nilimwandikia mwalimu barua ya kurasa sita, sikuipeleka, kwa sababu nilipoisoma tena niliona kurasa nne ni za mbuzi.

Nilikwenda pia kwa mzee wa steshenari kutafuta ushahidi wa kitaalamu. Nikamuuliza, zile programu huzaa kwa muda gani. Akasema inategemea hali ya hewa. Nikamuuliza habari ya kadume kangu. Akafungua daftari, akapitisha kidole, akatikisa kichwa kwa huzuni. "Mimba imeharibika, mwanangu. Umeme wa mwaka huu si mzuri."

Niseme ukweli hata kama unaniuma. Msimu ule maharage mekundu yalistawi. Yalistawi kiasi kwamba mtu angeweza kupotelea shambani, aitwe kwa filimbi. Lori lilikuja mpaka ghalani, likajaa, wanachama wakaezua nyasi na kuweka bati. Mama alipoyapeleka yake sokoni Kibondo, mnunuzi aliyageuza kwa fimbo na kusema haya ni maharage au vitenge. Aliyarudisha nyumbani tukayala. Yule bibi jirani akawa akinitazama nikienda nyumbani, ananitazama tu, na mbuzi wake nao wananitazama.

Kisha ukaja msimu wa pili, na mvua za 2015 upande ule wa kwetu zilikuja kama zimetumwa kudai. Shamba la mama lipo bondeni. Maji yalisimama kwenye matuta siku nyingi. Mizizi ikaanza kuoza. Yale mekundu ya kikundi yaligeuka njano karibu yote kwa wiki moja, kama yaliyopitisha azimio. Sikufurahi. Ningependa kuandika kwamba sikufurahi hata kidogo, lakini nilifurahi siku moja, kisha nikaona shamba la mama.

Kwa mama yalikufa pia. Meupe yote, ya njano yote, mekundu yake, yenye madoa nusu. Nilikuta mistari mitupu na hapa na pale kimmea kimesimama. Nikainama. Yalikuwa yale meusi madogo mabaya, na machache ya zambarau. Mama alikuwa akiyapalilia bila haraka.

"Mwaka wake huu," alisema.

Hakuvuna mengi. Alivuna ya kula na ya mbegu. Na habari zilipotembea, walianza kuja, mmoja mmoja, wanachama wale wale wa ghala, na bakuli mkononi, na salamu ndefu za makofi zisizofika kwenye jambo lenyewe. Mama aliwajazia. Nilikaa mlangoni nimenuna. Nilitaka waombe radhi kwanza, kwa maandishi, na muhuri wa kijiji.

"Mama, hawa ndio waliokutoa."

"Walinitoa kwenye ghala," alisema. "Hawakunitoa kwenye mvua."

Mwisho akaja mtaalamu mwenyewe. Alikuja kwa bodaboda safari hii, buti zimejaa tope, hana kompyuta. Alisalimia kwa makofi, vibaya lakini alisalimia. Alisema anataka kujifunza mchanganyiko, na kama mama ataridhia, anaomba mbegu kidogo za kila rangi iliyobaki. Mama akaingia ndani akatoka na bakuli limejaa mpaka juu.

"Na mimi nipe konzi yangu," akasema.

Mtaalamu hakuelewa kwanza. Kisha akakumbuka. Akaenda mpaka ghalani kwa miguu, kwenye matope yale, akarudi na konzi ya yale mekundu yaliyosalia kwenye gunia, akayamimina kwenye ungo wa mama. Mama akayatandaza na meusi, akayapulizia majivu.

Hapo sikuweza kuvumilia. Mwaka mzima nilikuwa nimelibeba.

"Dada, swali moja tu. Ile mashine yako ilizaa mara mia mbili. Watoto wako wapi?"

"Watoto gani?"

"Wa vile vizazi mia mbili."

"Kaka, siku ile uliwatafsiria nini?"

Nikamwambia. Nikamweleza neno inda, nikamweleza kwa nini bibi aliifunika kitenge, na kwa kuwa nilikuwa nimeshaanza, nikamweleza na kadume kangu kalikoandikwa kwenye daftari la mzee wa Kasulu. Mama alisimamisha ungo.

"Mimi habari ya mimba sikuiamini hata siku ile," alisema. "Nilitaka kujua mvua tu."

Mtaalamu hakucheka. Aliweka bakuli chini, akakaa kwenye kizingiti.

"Kompyuta haizai, kaka. Wala programu haizai. Kizazi pale ni neno la kusema imerudia hesabu. Maharage niliyaandika kwa namba, mvua nilikuwa nayo ya mwaka mmoja tu, nikaiambia itafute punje nzito. Ikarudia mara mia mbili, ikanipa punje nzito, ile nyekundu tuliyokuwa nayo tayari kwenye magunia."

"Na ulisema asili ndiyo iliyoteua."

"Nilikosea kusema hivyo," alisema. "Niliteua mimi."